Tanuri Lilikuwa Zima

Duka la mikate, 6 Februari

Shangazi Upepo,

Shikamoo. Ulinionya kwamba ukikutana tena na "natumai u mzima kama mimi nilivyo mzima" utaikunja barua na kunirudishia, basi salamu zimeishia hapo. Nakuandikia nimekaa juu ya gunia la unga. Mikate ya asubuhi imeshatoka, ya mchana bado inaumuka, na mlango wa nyuma nimeuacha wazi. Wenzangu wananung'unika kwamba baridi ya asubuhi inaingia na donge linachelewa kuumuka. Wanung'unike tu. Tanuri hili linataka kuniua.

Sikutanii. Linavujisha joto. Nikisimama mbele yake nasikia moto unanipanda kifuani, shingoni, mpaka masikioni, jasho linanichuruzika kama niliyemwagiwa ndoo, halafu ghafla linakatika na mimi nabaki natetemeka. Mume wangu Fundi, ambaye mtaa mzima wakiharibikiwa na tanuri wanamwita yeye, amelifungua hili mara tatu. Amebadili mpira wa mlango. Amebadili swichi ya joto. Amelipaka udongo wa kuhimili moto kila palipo na ufa na pasipo na ufa. Juzi alipiga magoti, akapitisha kiganja pande zote, akaniambia, "Mke wangu, hili tanuri ni zima kuliko mimi." Nikamjibu, "Basi wewe ni mgonjwa sana, maana mimi naungua." Tukanuniana. Wenzetu hununiana juu ya wakwe, sisi juu ya tanuri!

Kuna jambo jingine, na tangu mama atutoke sina wa kumwambia ila wewe. Siku zangu hazijaja kwa miezi kadhaa. Nilifurahi, nikanunua kipimo, nikakaa nacho bafuni nikitabasamu peke yangu kama mwendawazimu. Kikasema hakuna mimba. Nimenunua kingine, kikasema vilevile. Labda ni uchovu wa kuamka alfajiri. Fundi sijamwambia, asije akafurahi bure.

Kwenye simu siwezi kusema haya, ukuta wetu na wa jirani ni kama kanga moja.

Wako,
Hamira


Cherehani ya dirishani, 15 Februari

Hamira mwanangu,

Marahaba. Barua yako nimeisoma mara mbili, mara ya kwanza nikicheka.

Kabla hujaendelea kumsumbua mtoto wa watu kwa magoti, nijibu haya. Hilo joto linaanzia wapi, tumboni au kifuani? Linakuja hata siku ambayo hujaingia kazini? Usiku unaamka nguo imelowa mgongoni, unabadili, kisha unalala tena juu ya taulo? Na mambo madogo yanakuchoma siku hizi, mtu akidondosha kijiko unataka kulia?

Nijibu bila kupamba. Nakujua. Jina la Hamira nilikupa mimi, kwa sababu ukiwekwa kwenye kona na watu wazima, punde tu umeshaumuka umejaza chumba kizima kwa maneno.

Na Fundi mwambie apumzike. Asilifungue tanuri tena.

Shangazi yako


Duka la mikate, 26 Februari

Shangazi,

Nani amekuambia kuhusu taulo? Maana hata Fundi hajui. Yeye akilala ni gogo, unaweza kumpitishia mkokoteni juu.

Majibu yako ndiyo haya: kifuani, ndiyo, ndiyo, na kijiko ndiyo kabisa. Jumatatu nililia kwa sababu mikate miwili ilishikana trei moja. Niliiona ikiwa imekumbatiana nikaangua kilio mbele ya wateja. Muuza maziwa akaniuliza nimefiwa na nani.

Halafu jana, sikiliza. Niliingia chumba cha baridi kuchukua siagi. Kile chumba ukikaa kidogo pua inakufa ganzi. Basi humohumo, katikati ya siagi na mayai, moto ukanipanda! Nikasimama nimekumbatia boksi la siagi shavuni, jasho linadondoka sakafuni. Hapo ndipo nilipoanza kuogopa. Tanuri liko ukuta wa pili, limezimwa.

Fundi bado hajui la chumba cha baridi. Amesimamisha kazi za watu ili abomoe ukuta wa mbele wa tanuri ajenge upya. Anasema haiwezekani mke wake aungue kwenye tanuri la mkono wake. Juzi nilimkuta amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, bisibisi mkononi, akaniambia, "Labda nitafute kazi nyingine." Shangazi, moyo uliniuma.

Umejuaje la taulo?

Hamira


Cherehani ya dirishani, 9 Machi

Hamira,

Ndani ya kifurushi utakuta fulana mbili na gauni la kulalia. Ni pamba laini, imefuliwa mpaka ikasahau ukaidi wake. Tazama chini ya kwapa, nimeacha mpasuko unaofichwa na mkunjo, hewa inapita na hakuna anayeuona. Mgongoni kuna kitambaa cha pili chenye vifungo. Kikilowa unakivua kwa mkono mmoja bila kuvua nguo yenyewe, unakitia mfukoni, maisha yanaendelea. Ni mtindo wangu wa zamani.

Taulo nimelijua kwa sababu nimeishi. Joto hilo linapita, mwanangu. Linachukua miaka lakini linapita. Kunywa maji, acha chai kali, vaa fulana zangu.

Na usimwambie mtu, hasa mumeo. Mume ni mtu mzuri mpaka siku anaposikia jambo asiloweza kulirekebisha kwa bisibisi. Wewe mwache ajenge ukuta wake, akichoka ataacha. Nyamaza. Kimya hakijawahi kumvunja mtu mfupa.

Shangazi yako


Nyumbani, 8 Aprili

Shangazi,

Fulana ni za ajabu. Nimevaa moja sasa hivi. Lakini mimi ni mbishi, na ubishi nimeurithi kwako, kwa hiyo nilikwenda kwa daktari.

Ni mama mmoja mpole, ana miwani ya kamba, ananisikiliza kama hana mgonjwa mwingine. Alinichukua damu, akaniambia nirudi mwezi unaofuata achukue tena, hakutaka kunihukumu kwa kipimo kimoja. Majibu yalifanana. Ovari zangu zimepungukiwa nguvu mapema. Nina miaka thelathini na mmoja!

Alinieleza hivi. Ubongo hupeleka mjumbe kuigongea ovari mlango, iamke ifanye kazi. Ovari isipoitika, ubongo haukati tamaa, unapeleka wajumbe wengi zaidi. Ndicho kilichoonekana kwenye damu yangu: umati umejaa mlangoni unagonga, na ndani kimya. Nikamuuliza nimefanya kosa gani. Akasema hakuna. Mara nyingi sababu haijulikani, mara nyingine iko kwenye damu ya ukoo, lakini si adhabu na si uzembe. Akasema pia ovari za namna hii huweza kuzinduka siku moja moja, watu wachache hushika mimba bila kutarajia, ila nisiishi kwa kusubiri hilo.

Amenipa dawa. Ni homoni zilezile ambazo mwili wangu umeacha kuzitengeneza, nizitumie mpaka karibu na umri wa miaka hamsini, pale wanawake wengi wanapokoma kwa kawaida. Nikamwambia nimesikia homoni ni hatari. Akasema watu huchanganya habari ya wanaozianza uzeeni na habari ya msichana. Kwa umri wangu ni kunirudishia kilicho changu, na hatari kubwa ni kukaa bila hizo, kwa sababu mifupa hukonda na moyo hupoteza mlinzi wake.

Akaniuliza kama kwetu kuna mwanamke aliyekoma siku zake mapema, au aliyevunjika mfupa kwa jambo dogo. Nikasema hakuna.

Dawa nimezificha ndani ya kopo kuukuu la hamira, juu ya kabati. Sijameza hata moja. Nikianza kumeza itakuwa kweli, na ikiwa kweli itabidi nimwambie Fundi. Na nikimwambia Fundi, Shangazi, yule mtu amenunua rangi ya kupaka chumba kidogo! Ya njano, kwa sababu haichagui mtoto wa kike wala wa kiume. Naogopa ataniangalia kama anavyoliangalia tanuri lisilotengenezeka. Naogopa ataondoka, kama mumeo alivyoondoka.

Kwa hiyo nimefuata ushauri wako. Nimenyamaza. Lakini sioni raha yake.

Hamira


17 Aprili

Hamira mwanangu,

Usishangae mwandiko, ni wa jirani yangu muuza vifungo. Mkono wangu umechoka kwa kushona, nampa maneno yeye anaandika. Barua yako nimeipata. Pole sana. Dawa ni hiari yako. Ukimya ni bora. Mimi sijambo.

Shangazi yako

Binti, haya hapa chini ni yangu mwenyewe, yeye hajui. Shangazi yako hakuchoka mkono. Amevunjika. Alikuwa anavuka kizingiti cha mlango wake mwenyewe, akajikwaa kidogo, akajishika ukutani, kifundo cha mkono kikalia kama biskuti. Amefungwa plasta. Mwaka juzi ilikuwa mbavu, kwa kukohoa tu. Amenikataza kusema na mimi nimemkubalia, lakini kalamu ni yangu.
Muuza vifungo


Nyumbani, 25 Aprili

Shangazi Upepo,

Shikamoo, na leo nina hasira na wewe.

Kimya hakijawahi kumvunja mtu mfupa? Kweli? Mbavu kwa kukohoa! Kifundo kwa kizingiti! Usimfokee jirani yako, mimi ningemnunulia zawadi.

Habari ya plasta yako imenikaa kichwani siku nzima, nikaanza kukumbuka. Wewe ndiye uliyekuwa unafungua madirisha nyumbani kwetu msimu wa baridi, mpaka sisi watoto tukakuita Shangazi Upepo. Wewe ndiye uliyekuwa na upepeo mkobani, Baba akisema unajipepea kama malkia. Wewe uliyejua la taulo. Na hizi fulana, Shangazi, kiolezo chake hakikukatwa kwa ajili yangu. Mshono wa mfukoni ni ule wa nguo zako za zamani. Mtu hashoni mpasuko wa kwapa kwa kukisia.

Daktari aliponiuliza kama kwetu kuna mwanamke wa namna hii, nikasema hakuna. Yupo, sivyo? Ulikuwa na umri gani?

Nimemrudia daktari nikamweleza habari ya shangazi yangu. Anasema uende hospitali upimwe mifupa, plasta peke yake haitoshi. Kuna dawa ya mifupa. Hujachelewa. Narudia kwa sababu najua unavyosoma ukiruka mistari: hujachelewa.

Na mimi nimeamua. Ushauri wako wa fulana nimeuchukua, wa kunyamaza nakurudishia na shukrani. Leo jioni Fundi akitoka kazini namwambia. Nikiachwa, tandika kitanda cha wageni na uweke dirisha wazi.

Hamira


Cherehani ya dirishani, 6 Mei

Mwanangu,

Mwandiko huu ni wa mkono wa kushoto, uvumilie. Haya siwezi kumpa mtu mwingine ayaandike.

Nilikuwa na miaka thelathini. Zilianza kuchelewa, kisha zikaja mara mbili ndani ya mwezi, kisha zikakata. Nilidhani mimba na mimi, nikashona nguo ndogo. Kisha moto ukaanza. Hakukuwa na mtu wa kuniambia ni nini, na mimi sikuuliza. Nilidhani nimezeeka ghafla kwa sababu ya jambo nililolifanya, nikawa nakaa nikilitafuta, nikarudi mpaka utotoni na sikuliona. Mama mkwe akaanza kuuliza. Mume wangu akaanza kuuliza. Nikaona macho yao yanageuka kuwa ya huruma, na huruma mimi siiwezi. Nikasimama katikati ya chumba nikasema sitaki watoto. Sitaki, nimeamua. Nilijua mtu akiitwa mkaidi atachukiwa, lakini hatahurumiwa.

Aliondoka. Baba yako alinikasirikia kwamba nimevunja nyumba yangu kwa kiburi. Kila nilipokuja kwenu nikifungua dirisha, kaka yangu alikuwa ananyanyuka, anakuja nyuma yangu, analifunga. Hasemi neno. Analifunga tu. Nikachoka, nikahamia mbali.

Kwa hiyo nilipokuambia unyamaze sikuwa na nia mbaya, Hamira. Nilikupa dawa pekee niliyokuwa nayo. Sikujua kama ni sumu kwa sababu nimeinywa muda mrefu na sijafa.

Kesho nakwenda hospitali, muuza vifungo ananisindikiza. Naogopa kidogo. Lakini naogopa zaidi la kwako. Uliandika "leo jioni namwambia", na tangu hapo sijapata barua. Kila mtu wa posta akipita moyo unaruka. Kitanda nimekitandika. Naomba kisilaliwe.

Shangazi yako


Karakana, 7 Mei

Shangazi,

Shikamoo. Ni mimi mkwe wako, Fundi. Mimi si mtu wa kuandika, lakini mke wangu amesema niandike mwenyewe, maana yeye akieleza utadhani anaongeza chumvi.

Jioni ile nilirudi nikamkuta amekaa mezani, mbele yake kopo la hamira. Akaniambia niketi. Nikadhani ana habari ya kifo. Akasema yote, kuanzia chumba cha baridi mpaka kwenye vipimo. Alikuwa haniangalii, anaangalia kopo. Akamaliza kwa kusema, "Basi sasa unajua. Ukitaka kuondoka, sitakuzuia."

Shangazi, mimi akili yangu ni ya fundi. Inakwenda taratibu, nati moja baada ya nyingine. Neno la kwanza lililonitoka ni hili: "Kwa hiyo tanuri lilikuwa zima?"

Akanitazama. Nikarudia, "Tanuri lilikuwa zima muda wote huu?" Akasema ndiyo. Nikaweka kichwa mezani nikalia. Nilikuwa silali! Nilikuwa najiona si fundi tena, mke wangu anaungua mbele ya macho yangu na sioni ufa uko wapi. Naye akaanza kucheka, akacheka mpaka akalia, tukawa tunalia wote wawili na chakula kinapoa.

Kisha nikamuuliza sasa kinachohitajika ni nini. Akasema vidonge, kila siku, kwa miaka mingi. Nikamuuliza vipo? Akafungua kopo. Nikamletea maji. Ndiyo hivyo, ameanza. Nimemtengenezea kirafu karibu na mswaki ili asisahau.

Kuhusu watoto. Nilihuzunika, siwezi kukudanganya. Nilikwenda karakana nikapiga chuma kisichohitaji kupigwa. Lakini mimi nilimwoa mtu, sikuoa chumba cha njano. Tumekwenda wote kwa daktari. Amesema mlango haukupigwa kufuli, na zipo njia nyingine, za kusaidiwa hospitalini na za kulea. Tutazitazama tukiwa tayari. Kwa sasa chumba nimekipaka, rangi isiharibike. Ni chako ukija.

Ninaomba unieleze jambo moja la kiufundi. Namtobolea dirisha jipya jikoni apate hewa; niliweke usawa wa uso au usawa wa kifua? Yeye anasema usawa wa kifua, lakini wewe ndiye mwenye uzoefu.

Mkwe wako,
Fundi


Cherehani ya dirishani, 20 Mei

Mkwe wangu,

Marahaba, marahaba, marahaba. Zote tatu ni zako.

Usawa wa kifua. Na bawaba ifungukie nje.

Shangazi


Duka la mikate, 3 Agosti

Shangazi Upepo,

Shikamoo! Nimelala. Hiyo ndiyo habari kubwa, ningeweza kuacha barua hapa. Nimelala usiku mzima mpaka Fundi akaniamsha kwa hofu kwamba nimezimia. Moto bado unanitembelea, lakini siku hizi unabisha hodi na kuondoka, hauingii na mizigo. Na mikate ikishikana naitenganisha kwa kisu, silii.

Daktari amenipima mifupa. Imekonda kidogo tu, imewahiwa. Akaniambia nifanye mazoezi ya kubeba vitu vizito. Nikamuuliza je, magunia ya unga? Akavua miwani, akasema, "Mangapi kwa siku?" Nilipomtajia akasema niendelee hivyohivyo ila nikunje magoti. Nimerudi kazini nikitembea kama bondia.

Sasa sikiliza la fulana. Pale kliniki kuna chumba tunachokaa wanawake wa namna yangu, siku moja kwa mwezi. Kuna dereva wa lori, kuna mwanafunzi wa chuo, kuna polisi mwenye sauti ya kutisha ambaye alilia kabla ya sisi wote. Polisi alipatwa na moto pale kitini, sare imebana mpaka shingoni, maskini, anahangaika na vifungo. Nikamwonyesha mgongo wangu. Nikakivua kile kitambaa kwa mkono mmoja, nikakitia mfukoni. Shangazi, walipiga makofi! Wote wanataka. Polisi anataka tano, na anauliza kama unaweza kuweka mpasuko chini ya sare bila mkuu wake kujua. Nimemwambia Shangazi yangu amevaa hivyo miaka thelathini na hakuna aliyejua, mkuu wako ni nani?

Nimewaeleza habari zako. Natumaini hutanigombeza. Mwanafunzi wa chuo, ambaye huwa hasemi, akauliza, "Na sasa yuko hai? Ana furaha?" Nikasema yuko hai na ana mdomo.

Mifupa yako imesemaje? Uliandika "wamenipima" ukageuza habari. Usinianze.

Na mwezi ujao Baba anatimiza miaka sabini. Anataka sote mezani. Nimemweleza, Shangazi. Yangu, na yako pia, kama ulivyoniruhusu. Alisikiliza mpaka mwisho akatoka nje, hakurudi mpaka giza likaingia. Sijui ana nini moyoni, unamjua. Njoo hata hivyo. Chumba cha njano kinakusubiri.

Hamira


Cherehani ya dirishani, 14 Agosti

Hamira,

Mifupa yangu ni myepesi kama ya ndege, ndivyo walivyosema, ila kwa maneno marefu zaidi. Nimepewa kidonge cha mara moja kwa wiki. Unakimeza tumbo tupu kwa maji mengi, kisha huruhusiwi kulala wala kula kwa muda, unakaa wima kama mlinzi wa benki. Muuza vifungo anakuja kukaa wima na mimi. Anasema ni kunipa moyo, lakini naona amevaa shati jipya. Usianze kuumuka, sijasema kitu.

Kwa umri wangu hawakunipa homoni kama zako, wamesema njia yangu ni nyingine. Sawa. Ile yako umeze kwa niaba yangu pia.

Fulana tano za polisi ziko tayari. Mkono umepona, cherehani haijalala. Nimeajiri msichana wa kunipigia vifungo.

Nitakuja. Kwa kaka yangu sijui nitakaaje. Nitakaa karibu na mlango.

Shangazi yako


Cherehani ya dirishani, 19 Septemba

Hamira mwanangu,

Nimefika salama. Nakuandikia kabla sijafungua hata mkoba, kwa sababu pale mezani nilishindwa kusema, na wewe unajua mimi kushindwa kusema ni jambo la kutangazwa.

Ulikuwepo, lakini ulikuwa umekaa upande wa pili, hukuona uso wa baba yako. Mimi nilikuwa namwona. Watu wamejaa, madirisha yamefungwa, supu inatoa mvuke. Ukashika kifua. Nikajua. Nilijua kabla yako. Nikasema moyoni, Mungu wangu, atafanya kama mimi, atatoka nje kimyakimya asingizie simu. Wewe ukaweka kijiko chini, ukasema kwa sauti ya dukani, "Jamani samahanini, moto umepanda, mwenye nafasi anifungulie dirisha." Kama mtu anayeomba chumvi!

Na kaka yangu akasimama.

Mwanangu, nilimwona anasimama vilevile. Mabega yaleyale, kiti kikakwaruza vilevile, hasemi neno. Akanipita, akaenda dirishani, akalifungua. Akaenda la pili, lile lililogandishwa na rangi, akalipiga kwa kiganja mpaka likaachia, na vumbi likamwangukia kwenye shati lake la sherehe. Kisha akageuka. Hakukutazama wewe. Alinitazama mimi, macho yamemjaa, akasema, "Dada, inatosha, au nifungue na mlango?"

Wewe ulidhani nilikaa kimya kwa hasira. Nitakuambia ukweli, na usimwambie yeye kamwe. Moto wangu uliisha zamani, Hamira. Mimi siku hizi ni mtu wa sweta. Na usiku ule ulikuwa wa baridi, upepo unakuja moja kwa moja shingoni pangu, meno yanataka kugongana.

Nikamwambia, "Fungua na mlango."

Akafungua. Nikavuta kiti mbele, upepo ukanipiga usoni, nikala mpaka nikashiba.

Shangazi yako,
Upepo